Siku Nilipomwimba Mama Mkwe Kiwanjani Kewanja

Nianze na aibu yenyewe niitoe njiani, maana najua wengi wenu mmeshaisikia kwa wengine na kila mmoja ameiongezea chumvi yake. Ni kweli, mimi Mwita, ninayejulikana Nyakunguru nzima kwa jina la Mwita Karasha, nilimshika mama mkwe wangu mkono mbele ya umati, nikiwa nimevaa suti nyeupe na kipaza sauti kikiwa wazi, na kabla ya hapo nilikuwa nimelitaja jina lake kwenye spika kubwa mpaka waliokuwa mashambani wakalisikia. Sikulewa. Hilo nalo liondoeni kwenye masimulizi yenu. Nilikuwa mzima kabisa, na ndiyo maana linauma.

Asiyetoka kwetu huenda akauliza kosa liko wapi. Kwetu mwanaume na mama mkwe wake wanaheshimiana kwa kukaa mbali. Hamshikani mikono, hamli pamoja, mkikutana njiani mmoja anaingia kwenye majani mwenzake apite, salamu unaitoa huku unaangalia pembeni, na jina lake hulitamki hata ukiwa peke yako porini. Ni mama wa fulani, basi. Hata hapa sitaliandika, limeshasikika vya kutosha.

Mimi niliishia darasa la nne. Tata, yaani baba yangu, alipofariki nilitoka nyumbani nikaenda kuchoma mkaa upande wa Machochwe, kule karibu na hifadhi ya Serengeti ambako tembo wanavuna mahindi kabla ya mwenyewe, halafu dhahabu ilipoanza kuita watu nikavuka Mto Mara na nyundo begani nikaja Nyakunguru. Nimeshuka kwenye maduara ya watu (duara ni shimo letu la dhahabu, siyo duara la shuleni) nikiwa nimefungwa kamba kiunoni, nimepanda na mawe, nimepata hisa yangu, nikapata duara langu, mwishowe nikanunua karasha, ile mashine ya kusaga mawe, na baada ya karasha ya kwanza ikaja nyingine, na leo nyumba yangu ina bati jekundu linaloonekana kabla hujafika kijijini. Wasomi waliopangiwa kazi huku na serikali, walimu na maafisa, wanakuja kwangu kuomba mchango wa madawati, na mimi natoa. Nilikuwa na msemo wangu ambao kila mtu aliujua: sikusaidiwa na mtu.

Siku ya kuzindua hiyo nyumba, ilikuwa Krismasi, watu wamejaa uani wanakula, nikasimama kuhutubia. Maneno yalikuwa matamu mdomoni, nikaendelea, nikafika mahali nikasema, "Huyu mke wangu mnayemwona amenawiri hivi, nilimtoa kwenye njaa. Kwao walikuwa wanakula mara moja kwa siku." Watu wakacheka. Mke wangu Robi alikuwa ameshika sinia la nyama. Akaliweka mezani taratibu, akalisogeza lisianguke, akaingia ndani. Asubuhi akamchukua mtoto wetu wa mwisho akavuka mto, akarudi kwa mama yake Machochwe.

Nilituma wazee, wakarudi na jibu fupi. Robi alisema, "Alichokisema alikisema mbele ya watu. Akakifute mbele ya watu."

Mtu mwingine angeelewa. Mimi nilisikia neno moja tu, watu, na nikaona kama bahati imenipitia mlangoni, kwa sababu wakati huo nilikuwa katikati ya kurekodi albamu. (Ndiyo, albamu, msicheke. Tangu niko mkaani nilikuwa naimba, na ndani ya duara nikiimba wenzangu walikuwa wanasahau kiza. Sikuwa na promota wala meneja, nililipa mwenyewe studio moja ya Musoma, nikatunga mwenyewe, nikaimba mwenyewe, picha ya kava nimesimama mwenyewe juu ya mawe.) Albamu inaitwa *Nimejenga Mwenyewe*. Nyimbo saba zilikuwa tayari na zote saba zilikuwa zinanihusu mimi. Nikasema ya nane itakuwa ya mama mkwe. Nitamsifu mpaka mawinguni, nitaizindua Kewanja, uwanja ufurike, Robi atasikia, na safari ya kurudi ataifanya kwenye pikapu yangu.

Nikampa habari shemeji yangu Marwa, mdogo wake Robi, ambaye analima na kuchunga pale kwao. Tuliongea kwa simu.

"Shemeji," akasema, "kumsifu siyo vibaya. Ila mtafute mtu akuimbie. Wazee wapo, litungu na mpigaji wake wapo, mwingine aimbe kwa niaba yako, wewe ukae pembeni unyamaze."

"Albamu yangu, sauti ya mtu mwingine?"

"Huo ni wimbo wa mkwe, shemeji."

"Marwa, wewe chunga ng'ombe. Muziki niachie mimi."

Studio yenyewe ni chumba kimoja chenye magodoro ukutani, joto humo ni kama la chini ya ardhi, kwa hiyo mimi nilijisikia nyumbani. Prodyuza ni kijana wa Bukoba anaitwa Deo, mpole, ana masikio makali, lakini mila zetu angezijulia wapi. Nilipoimba mara ya kwanza nilitumia "mama wa Robi." Deo akasimamisha muziki.

"Mzee, hapa pazito. Mama wa Robi, mama wa Robi, haiimbiki. Mama hana jina?"

"Analo."

"Basi litaje. Nani atajua unamwimba nani?"

Hapo ndipo palipokuwa na njia mbili, na mimi niliziona zote mbili, msidhani sikuziona. Deo akaniangalia kupitia kioo, nikajiambia dunia imebadilika, mama mwenyewe ana simu, nani anafuata mambo hayo tena, na isitoshe mimi siyo mkwe wa kawaida, mimi ndiye niliyempelekea bati na tangi la maji. Nikalitaja. Jamani, jina lilikaa kwenye ule mdundo kama limetengenezwa kwa ajili yake. Deo akapiga meza kwa furaha. "Rudia, mzee, mara tatu mfululizo." Nikarudia mara tatu mfululizo, na hicho ndicho kikawa kiitikio.

Siku ya uzinduzi uwanja wa Kewanja ulijaa kweli, hilo hakuna anayenipinga. Wachimbaji walitoka Nyakunguru na vumbi lao kichwani, mama ntilie wakafunga vibanda, jenereta mbili, turubai, na mshereheshaji wangu alikuwa binamu yangu Nyamhanga kutoka Isebania, ng'ambo ya mpaka, mtu ambaye akishika maiki hata polisi wanacheka.

Marwa alikuwa amefanya kazi kubwa ya kumshawishi mama aje. Alimwambia ni shughuli ya kuomba radhi, na mama akakubali kwa ajili ya binti yake. Alikuja na wanawake wa rika lake, wamevaa kanga mpya, wakakaa nyuma kabisa chini ya turubai la pembeni, migongo imegeukia jukwaa, kama inavyotakiwa. Robi alisimama karibu nao na mtoto. Hapo bado kila kitu kilikuwa kinaweza kuokolewa. Ningezindua zile saba, nikasema maneno yangu mawili, nikashuka.

Lakini mimi nilipotazama kutoka jukwaani na kumwona mgeni rasmi wangu amekaa nyuma kwenye benchi, roho ilikataa. Nilikuwa nimemwekea sofa mbele, sofa nyekundu imebebwa kutoka sebuleni kwangu. Nikamwambia Nyamhanga amwite. Nyamhanga naye hakujua yule mama ni nani kwangu (alijua tu kuna mama anatakiwa kwenye sofa), akatangaza.

"Sasa wasee wa Kewanja, mko fiti? Kuna mathe hapo nyuma amefichwa na hii bahari ya watu. Bro wangu anasema akae kwa sofa. Aki mumlete polepole."

Mama alitikisa kichwa. Watu wakapiga makofi. Vijana wawili wenye nia njema wakamwinua, mwanamke mmoja akawa anavuta kanga yake huku, wale wanavuta kule, na mbele ya umati kama ule mtu mzima hapigani, akaja akaketi ncha ya sofa, uso ameuelekeza kwenye jenereta.

Nikamwambia anayeshughulikia mashine ya muziki aweke namba nane.

Muziki ukaingia. (Niseme wazi, nilikuwa naimba juu ya sauti yangu iliyorekodiwa, kama wafanyavyo wengi, kwa hiyo hata nikinyamaza wimbo unaendelea. Kumbukeni hilo.) Ubeti wa kwanza unasema jinsi alivyowafukuza tembo shambani kwa kupiga debe na kuwatukana mmoja mmoja, na watu wa Serengeti waliokuwepo wakacheka kwa kuwa wanamjua, sauti yake inafika mbali. Halafu kikaja kiitikio. Jina mara tatu.

Nyuma, chini ya turubai, niliona wanawake wote wamegeuka kwa pamoja. Hiyo ingenitosha kama ningekuwa na akili. Lakini wachimbaji waliokuwa mbele walikuwa wameshakipenda kile kiitikio, kilipokuja mara ya pili wakakiitikia, uwanja mzima ukaita jina la yule mama kwa mdundo, na mimi machozi yakanitoka, nikajiona nimefanya jambo kubwa kuliko karasha zote. Nikashuka jukwaani. Nikamwendea. Nikapiga goti moja kwenye vumbi na suti nyeupe, nikamshika mkono.

Mkono wake ulikuwa mgumu na baridi. Haukunishika wala haukujivuta. Yule mama ambaye sauti yake inawarudisha tembo hakusema neno. Alichukua ncha ya kanga kwa mkono uliobaki, akajifunika kichwa na uso wote, akakaa hivyo, kama mtu aliyefiwa.

Hapo ndipo nilipoamka. Nilinyamaza. Na wimbo haukunyamaza. Nimefumba mdomo, maiki iko chini, na sauti yangu iko juu angani inaendelea kumwita, jina, jina, jina, na wale wachimbaji wanaitikia. Nikampungia mkono mtu wa mashine azime, akadhani nataka aongeze, akaongeza. Nyamhanga akapaza sauti, "Mathe amezidiwa na furaha, mpigieni makofi," na makofi yakapigwa.

Mama akanyanyuka bado amejifunika, akapiga hatua asione pa kukanyaga, akajikwaa kwenye waya wa spika, Marwa akamdaka. Wale wanawake wa rika lake hawakuja mbele. Walisimama wote, wakasubiri afike, wakamweka katikati, wakaondoka naye kwa kundi, na pale walipopita watu walikaa kimya mmoja baada ya mwingine, mpaka ule ukimya ukafika jukwaani. Robi alipita karibu yangu. Nilitaka kusema kitu.

"Hata hujafuta," akasema. "Umeongeza."

Akawafuata.

Sasa kuhusu albamu na ilivyopokelewa, maana nilitumia nguvu zangu zote humo. Zile nyimbo saba za kunisifu hakuna aliyezitaka. Hata vijana wangu wa karasha, ambao nilikuwa nawalazimisha, walikuwa wanaziruka. Lakini namba nane ilienea kama moto wa kiangazi. Watu walikuwa wameirekodi kwa simu siku ile, na ile ya studio ikavuja, wakawa wanaiingiza kwenye memori kadi kila kibanda kuanzia Sirari mpaka Mugumu. Bodaboda wanaipiga. Baa zinaipiga. Nimeshuka kwenye duara langu mwenyewe nikakuta mchimbaji anaipiga huko chini, jina la mkwe wangu linanijia kutoka ndani ya ardhi. Maisha yangu yote nilitaka kusikika, na sasa nilikuwa nasikika kila mahali, na kila niliposikika nilitamani kufa.

Baada ya muda Marwa akaja. Alikataa kukaa.

"Tumeshachinja kondoo nyumbani, wazee wamesema maneno yao, wewe nawe utaleta wako," akasema. "Hiyo ni ya kosa la mkono na mdomo, na itaisha. Lakini wimbo haujaisha. Juzi mama alikwenda mnadani na mahindi. Kibandani wanaupiga. Watoto wakamwonyesha kidole. Akarudi na mahindi yake kichwani, hakuuza. Haendi tena."

"Na Robi?"

"Robi anasema siku mama atakapokwenda mnadani akarudi bila kusikia jina lake, siku hiyo uje muongee. Siyo kabla."

Nikaanza kazi ambayo sijawahi kusikia msanii mwingine ameifanya, ya kuua wimbo wangu mwenyewe. Nilikwenda kibanda hadi kibanda. Natoa salamu, najitambulisha, naomba waufute. Wengine walidhani nawatania.

"Mwita Karasha mwenyewe? Mura, si ulitaka kusikika? Si umesikika?"

"Nimesikika. Sasa ufute."

"Huu ndio unaoleta wateja, mzee. Hizo nyingine zako nifute bure, hata sasa hivi."

Na mimi, niliyezoea watu kunipisha njia, nilikaa kwenye benchi la kibanda nikaeleza habari ya mama na mahindi yake, mwanzo mpaka mwisho, kibanda hiki, kisha kile. Hilo ndilo lililofanya kazi. Kutoa amri hakukusaidia, hata kutaja bati langu hakukusaidia, ila nikisema yule mama hawezi tena kwenda sokoni kwa ajili yangu, mtu anashika simu yake anafuta. Wengi wao wana mama wakwe.

Kisha wakanipigia redio. Redio kabisa, ya mjini, mtangazaji ambaye nilikuwa namsikiliza nikiwa mkaani. Akasema wasikilizaji wanauomba sana wimbo namba nane, niende tufanye mahojiano Jumamosi. Nilikwenda. Nilivaa vizuri, siwezi kudanganya, na njia nzima moyo ulikuwa unaniambia mambo mawili, upigwe na usipigwe. Tulipokaa, kabla hajawasha maiki, nikamwambia.

"Nimekuja kuomba msiupige."

Akavua zile spika za masikioni. "Mzee wangu, wenzako wanakuja hapa kuomba tupige."

"Najua."

"Tunaweza kupiga nyingine basi. Ile ya jina la albamu."

Nikafikiri kidogo. "Hiyo nayo iacheni. Siyo ya kweli sana."

Nikaaga, nikatoka.

Mvua za vuli zilipoanza Marwa akapiga simu. Mama alikuwa amekwenda mnadani, ameuza, amerudi na sukari. Nikapeleka kondoo wangu, wazee wakamaliza yao, na mimi nikakaa nje ya boma, chini, upande ambao mlango wa jiko hauonekani, kwa kuwa najua mama alikuwa jikoni. Robi akatoka na kiti akaketi mbali kidogo. Nilikuwa nimejiandaa. Nilikuwa na maneno mazuri, mengine niliyachukua kwenye ubeti wa pili.

"Hayo nimeshayasikia," akanikata. "Kila mtu ameyasikia. Kwenye wimbo wako umesema tembo, umesema debe, umesema kanga. Hukusema nani alikuwa na njaa."

 Kuku walikuwa wanachakura pale katikati yetu.

"Sema, Mwita. Bila muziki."

Wenzangu, nimeshushwa kwenye shimo ambalo mwamba ulikuwa unatoa sauti, nikashuka. Lakini yale maneno machache yalinichukua muda kuliko albamu nzima. Nikasema nilipokuwa nachoma mkaa pale Machochwe, aliyekuwa anakula mara moja kwa siku ni mimi. Na hiyo mara moja ilitoka kwenye jiko lile, kwenye sahani iliyofunikwa ambayo Marwa alikuwa ananiletea porini, na mwenye kuipakua hakuwahi kuniuliza nitalipa lini. Nikasema alinipa binti yake wakati ng'ombe wangu wa mahari walikuwa bado ni maneno matupu, na ndugu zake mwenyewe wakamcheka kwa hilo. Nikasema nyundo niliyovuka nayo mto alininunulia yeye, kwa mtama aliouza.

Kule jikoni sufuria ilikuwa inakorogwa. Ikaacha kukorogwa. Halafu ikaendelea.

"Sasa hayo," Robi akasema, "utayasema uani kwako, watu wakiwa wamekaa walipokuwa wamekaa."

"Nitasema."

Akainuka, akajikung'uta gauni. "Basi tangulia. Mimi nitakuja palizi ikiisha, siwezi kumwachia mama shamba peke yake."

Nimeshayasema, Krismasi iliyofuata, nimesimama, sinia likiwa limewekwa kwanza chini. Hakuna aliyecheka na hakuna aliyepiga makofi, wakaendelea kula. Siku hizi nikimwona mama kwa mbali kwenye njia naingia kwenye majani mapema, nageuza uso, natoa shikamoo yangu kwa miti, naye anaijibu akiwa anapita. Ule msemo wangu nimeuacha. Nyimbo bado natunga, hilo sijaweza kuacha, ila nimejiapia kitu kimoja: kama nina neno zito la kumwambia mtu, nitakwenda kwake kwa miguu nimwambie kwanza kwa mdomo mtupu, na likishapokelewa, nitanyamaza.